Upande wa Kushoto wa Kipa Wetu

Kipa wetu nilimjua kwa sauti kabla sijamjua kwa sura. Ndivyo beki anavyoishi na kipa wake: unampa mgongo mechi nzima, unamsikia tu. Jumapili ya kwanza aliyokuja mazoezini kwetu Downsview, Toronto, kwenye uwanja ulio nyuma ya maghala, nilichelewa kutoka kazini, nikaingia mchezoni bila kusalimiana na mtu. Nyuma yangu kulikuwa na mtu anayeniamrisha kama amenizaa. Sogea. Rudi. Huyo mwache, mwangalie yule. Namba Tatu! Wewe, Namba Tatu, huo mguu wa kulia umeuleta wa kazi gani?

Nilipopata nafasi ya kugeuka nilitegemea kuona jitu. Nikaona mtu wa kimo cha kawaida, mweusi, mabega mapana, amevaa suruali ya mazoezi iliyopigwa pasi mpaka ikasimama mistari. Suruali ya mazoezi! Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha na golini kulikuwa tope tupu.

Tangu siku ile nikawa Namba Tatu. Jina langu alilijua, lakini sikumbuki kama aliwahi kulitamka. Mimi nami nilimwita Kipa, kama wenzangu wote, na hivyo ndivyo nitakavyomwita hapa.

Alikuwa Mgrenada. Kiingereza chao cha kisiwani kilinitoa jasho miezi ya mwanzo. Kilikwenda mbio, kisha kikapunguza mwendo pale usipotarajia. Timu yetu ilikuwa ya mchanganyiko, watu waliokutana Toronto kwa sababu ya mpira na upweke: Wakaribi, Waghana, Mchile mmoja, na sisi. Kocha alikuwa Mgoa wa Dar es Salaam, mhasibu, mzee wa kanisani ambaye hakuwahi kupaza sauti wala kukosa misa. Katikati ya ulinzi alikuwepo Deo, mtu wa Bukavu, na kushoto nilikuwepo mimi wa Tanga. Deo na mimi tulizungumza Kiswahili uwanjani, na wiki ya pili tu Kipa akatuita pembeni.

"Hiyo lugha yenu," akasema, "wapinzani wanaielewa?"

Tukamwambia hapana.

"Basi nifundisheni."

Akajifunza maneno aliyoyahitaji na hakuongeza hata moja. Yangu. Toka. Rudi. Mwache. Kwa kuwa mwalimu mwingine alikuwa Deo, Kiswahili chake kilikuwa cha Tanga upande mmoja na cha Bukavu upande wa pili. "Mutu nyuma yako!" alikuwa akipiga kelele, na Kocha, kule kwenye benchi na suti yake ya Jumapili, alicheka hadi akavua miwani.

Tuliishi naye jengo moja kule Weston, yeye ghorofa mbili juu yetu. Ni majengo ya zamani yale, yamepanga mstari kando ya mto Humber, na treni za kwenda mjini hupita karibu kiasi kwamba vikombe hulia kabatini. Aliishi peke yake. Chumba chake kilikuwa na kitanda, televisheni, meza ya kupigia pasi ambayo haikukunjwa kamwe, na radiata ya kupashia chumba joto ambayo hakuruhusu glavu zake ziikaribie. Glavu alizifua kwa mkono ndani ya beseni, akazikausha kwenye kamba bafuni, taratibu, kwa sababu joto lilikuwa linaharibu mpira wa viganjani. Ukimkuta anafua glavu ilibidi usubiri amalize ndipo akujibu salamu.

Vidole vyake viwili vya mkono wa kulia vilikuwa vimepinda na havikunyooka tena. Kufunga kifungo cha shingoni cha shati hakuweza. Siku za harusi na misiba alishuka kwetu, anasimama mlangoni ameinua kidevu, na mke wangu Anna anamfunga. Anna alimwita shemeji, kama desturi. Yeye akadhani Anna anajitaja jina, akamwita Shemeji vilevile, na tulipomweleza maana yake alifurahi sana kwamba alikuwa hajakosea.

Urafiki wao wawili ulianza na shelisheli. Yeye alizinunua maduka ya Wakaribi kule Eglinton, na siku moja aliichoma moja nzima juu ya jiko, ganda na yote, moshi ukajaa, kengele ya hatari ikalia, watu wa ghorofa nzima wakatoka koridoni na nguo za kulalia. Anna alipanda ngazi kuona kuna nini, akasikia harufu. Hakuwa amekula shelisheli tangu atoke Tanga. Waliila palepale kwa chumvi, wamesimama, huku msimamizi wa jengo akifoka mlangoni. Hapo ndipo nilipogundua kwamba Kipa, ambaye kwenye chumba cha kubadilishia nguo hakuwa na maneno, akiwa mbele ya jiko hanyamazi.

Alikuwa mtu wa namna hiyo, huwezi kumpanga. Nimemwona akijitupa miguuni mwa mastraika wenye njumu za chuma bila hata kufumba macho, lakini aliogopa mbwa. Ghorofani kwake kulikuwa na bibi mmoja wa Kipolandi mwenye kijibwa kidogo kisichozidi paka, na kwa sababu ya kijibwa hicho Kipa aliacha lifti, akashuka kwa ngazi miaka yote. Hakumpa mtu mkono kabla ya mechi, hata padri. Alichukia baridi, akalalamika kila siku, lakini hakuvaa kofia kwa sababu ilimzuia kusikia. Na alikuwa na msemo wake mmoja uliotuudhi sote. Kila alipofungwa bao aliinuka, akajipangusa, akatutazama mabeki mmoja mmoja na kusema, "Kipa hafungwi. Kipa huachwa."

Habari za huko alikotoka kimpira nilizipata vipande vipande, nyingi akiwa anachochea kitu sufuriani. Hakuja Kanada kutafuta kazi ya ghalani. Aliletwa na klabu ya kweli, yenye majukwaa, daktari na watu wa kufua jezi, wakati ligi ya kulipwa bado ipo. Alicheza misimu michache. Kisha ligi ikafa. Asubuhi moja walifika mazoezini wakakuta geti lina mnyororo.

"Kipa wa pili alilia," aliniambia. "Mimi nilimuuliza mlinzi mazoezi ya jioni yatakuwa saa ngapi."

Alicheka aliposema hivyo. Sikucheka.

Akaenda Uingereza kufanya majaribio kwenye klabu ya daraja la chini kidogo. Kocha wa makipa alimtaka. Lakini kibali cha kazi cha kule kilitaka awe anachezea timu ya taifa lake mara kwa mara, na kule kwao wakamwambia timu ya taifa inachukua wenye klabu za kueleweka. Kila mlango ulimtuma kwenye mlango mwingine. Akarudi Toronto, akaanza kushuka: klabu ya Waitaliano, halafu klabu moja tajiri ya kaskazini mwa jiji ambayo tajiri wake alimwachisha kwa sababu alipata kijana, halafu sisi. Siku za kazi aliendesha mashine ya kunyanyulia mizigo kwenye ghala la kiwanda cha mikate, Downsview.

Timu ya taifa ilimwita mara moja. Ilikuwa mechi ya ugenini, kisiwa cha jirani, na kipa wa kwanza akaugua tumbo. Kipa wetu akacheza. Mimi sikuwepo, lakini nilikutana baadaye na Mgrenada mmoja aliyekuwepo, naye bila kuulizwa akaniambia hajawahi kuona kipa akidaka vile. Alipangua penalti, akapangua na ule uliorudi. Timu yao ikiwa mbele kwa bao moja, mvua ikashuka, uwanja ukawa bwawa, refa akavunja mechi kipindi cha pili. Wakaamua irudiwe yote mwanzo siku chache baadaye. Kipa alikuwa ameomba ruhusa fupi kazini, ikabidi arudi. Mechi ya marudio akacheza yule aliyepona tumbo, wakafungwa.

"Kwa hiyo ile mechi haipo," Kipa aliniambia. "Ukitafuta huioni popote. Lakini mimi nilikuwepo."

Hakuitwa tena. Hata hivyo, msimu ukiisha na theluji ikianza kuanguka, tukihamia kucheza ndani ya ukumbi, ungemsikia anasema msimu ujao. Msimu ujao wataita. Msimu ujao kuna watu wa Uingereza wanakuja. Alikuwa amepita miaka thelathini na mitatu, na alilisema bila mzaha, kama mtu anayetaja siku ya kupokea mshahara.

Aliyeanza kuona kuna tatizo alikuwa Deo. Tulikuwa tunatoka uwanjani, tumeshinda mbili kwa moja, mimi nina furaha, yeye ana uso mrefu.

"Namba Tatu, ulisikia ile bao?" akaniuliza. "Yee alisema 'kosa yangu.'"

"Sasa?"

"Kipa hasemake kosa yangu. Hapana, mon frère. Iko kitu mubaya."

Nilipuuza. Lakini kuanzia hapo nikawa nasikiliza, na kweli, ule msemo wake ulikuwa umekwisha. Mpira wa krosi uliopita juu ya kichwa changu kwenda nguzo ya kushoto, ambao zamani angeutokea na kuukumbatia akiwa bado hewani, sasa ulimkuta amechelewa. Alianza kugeuza kichwa chote, kama ndege, badala ya macho tu. Kazini aligonga rafu na mashine, mikate ikamwagika, wakamhamishia kwenye kufagia. Alituambia mashine ilikuwa mbovu.

Kisha Anna. Yeye alifanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, na macho ya wazee alikuwa ameyazoea. Kipa alikuja kula kwetu, Anna akamwekea kikombe cha chai upande wa kushoto, Kipa akakipiga kwa kiwiko. Akapangusa, akaomba radhi. Anna akaweka kingine palepale. Kikamwagika tena. Anna akahamia kiti cha kushoto kwa Kipa, na huku Kipa akinisimulia habari za kocha fulani wa Trinidad, Anna akainua mkono wake wazi, karibu kabisa na sikio la Kipa, akaushikilia hapo.

Kipa aliendelea kuongea. Hakugeuka wala hakupepesa. Mkono ulikaa pale mpaka Anna mwenyewe alipoushusha, akanitazama, na mimi nikakosa pa kuangalia.

"Shemeji," Anna akasema, "mara ya mwisho kupima macho ilikuwa lini?"

"Macho yangu?" Akacheka. "Shemeji, mimi kazi yangu ni macho."

Anna ndiye aliyempeleka kliniki, kwa kumsumbua wiki baada ya wiki. Ilikuwa presha ya macho. Alianza kupoteza kuona pembeni, jicho la kushoto zaidi, na daktari alimweleza kwa upole kwamba kilichokwisha kupotea hakirudi. Kilichobaki kingeweza kulindwa kwa dawa ya matone, kila siku, bila kukosa, na mpira wa kudaka aache. Anna alisimulia kwamba Kipa alisikiliza yote mikono ikiwa magotini, halafu akauliza swali moja tu: hiyo dawa itakuwa imefanya kazi kabla ya msimu kuanza?

Huyu alikuwa mtu aliyepiga pasi nguo za matopeni. Mtu asiyewahi kuchelewa mazoezini. Ungedhani dawa ya matone ndiyo ingekuwa kitu rahisi kuliko vyote. Mwanzoni aliitumia. Kisha akasema inamchoma na kumtia ukungu, akaiacha siku za mechi. Kisha siku za mazoezi. Kichupa kilikaa kwenye mlango wa friji yake karibu na pilipili, na kila nilipofungua friji nikaona kiko pale pale, kimejaa vile vile.

"Tumia dawa, bwana," nilimwambia.

"Nikitumia, nakubali."

"Unakubali nini?"

Akaniapisha nisimwambie Kocha, na akaniahidi huo ndio msimu wa mwisho. Mimi nikaanza kukaba karibu zaidi na nguzo yake ya kushoto. Kocha alinikaripia kwa sauti yake ya chini kwamba sipandi mbele tena. Nikasema magoti yanauma.

Jambo la ajabu ni kwamba msimu ule tulikuwa wazuri. Tulifika mechi ya mwisho tukihitaji sare tu kupanda daraja. Kwa ninyi mliozoea mipira mikubwa hilo si kitu, lakini sisi tulikuwa watu wa maghala, jikoni na usafi. Hakuna aliyewahi kutupandisha popote. Watu walikuja na wake zao na vyungu vya chakula. Wapinzani walikuwa ile klabu tajiri ya kaskazini iliyomwachisha Kipa. Kabla ya mechi, pale maegeshoni, watu wengi walimwona Kipa amesimama na yule tajiri wao, wanazungumza, na tajiri akampigapiga begani.

Ilikuwa Oktoba, jua limelala chini, baridi kavu. Kipindi cha kwanza hakuna bao. Kipindi cha pili wakafunga kushoto kwa krosi ambayo Kipa hakuitokea. Tukasawazisha. Wakafunga tena, kushoto palepale. Deo akarudisha kwa kichwa, mbili kwa mbili, watu wakaingia uwanjani wakatolewa. Zilikuwa zimebaki dakika chache. Winga wao akanipita, hilo sitalikataa, akapiga shuti dhaifu, mpira wa kujiviringisha, ambao hata mtoto angeukanyaga. Nikageuka nikitegemea kumwona Kipa ameinama kuuokota. Alikuwa amesimama wima, anatazama katikati ya uwanja, mikono tayari. Mpira ukapita kati yake na nguzo, taratibu, ukaingia. Hakujirusha. Hakuinua hata kidole. Alijua ni bao alipowasikia wanashangilia.

Halafu sauti ya mtu ikatoka pale penye vyungu, "Ameuza!" Na wengine wakaichukua.

Chumba cha kubadilishia nguo kilikuwa kidogo na hakuna aliyekaa. Kocha alisimama mlangoni, kofia mkononi. Akaniambia mimi kwanza, kwa Kiswahili, kana kwamba alitaka kusikia neno hilo kwa lugha ya nyumbani, "Bwana, huyu ametuuza."

"Hakuuza, Kocha," nikasema. "Haoni."

"Nini?"

"Ni mgonjwa wa macho. Upande wa kushoto haoni kabisa. Ana presha ya macho, Anna alimpeleka hospitali. Muulize Anna, yupo hapo nje."

Nilivunja kiapo na sikujuta, wala sijuti leo. Kocha akamgeukia Kipa. Uso wake ulibadilika. Niliona amekuwa tena yule mzee wa kanisani. Akasema kwa Kiingereza, polepole, ili wote wasikie:

"Mwanangu, nisikilize. Kama ni macho, kesho nitakwenda nawe hospitali mimi mwenyewe. Na msimu ujao utafundisha makipa wetu, utakaa na mimi kwenye benchi maadamu nipo. Kama ni pesa, toka hapa nisikuone tena. Nitaamini utakachosema. Ni macho, au ni pesa?"

Kipa alikuwa anavua glavu. Alivua ya kulia, akavua ya kushoto, akaziweka pamoja viganja vikitazamana.

"Macho yangu ni mazima," akasema. "Ni pesa."

Mchile alimrukia, Deo akamshika. Mimi nilipiga kelele kwamba anadanganya, na kelele zangu zilionekana za mtu anayemtetea rafiki tu. Kocha alivaa kofia yake, akafungua mlango na kusimama pembeni yake. Kipa akachukua begi. Wakati wa kupita aligonga bega la kushoto kwenye fremu ya mlango, kwa nguvu, na hata hilo hakuna aliyelitilia maanani isipokuwa mimi na Deo.

Nilimkuta kituo cha basi. Nilimwambia apande gari, akapanda. Anna alikuwa kiti cha nyuma analia kwa hasira. Tulifika karibu na Weston ndipo nikaweza kumuuliza.

"Yule tajiri ulikuwa unamwambia nini?"

"Nilikuwa namwomba nafasi. Msimu ujao."

"Sasa kwa nini useme umeuza?"

Aliangalia mbele. "Namba Tatu, nimecheza na watu waliouza. Kisiwani, na hapa, na Trinidad. Wanafukuzwa, wanatukanwa, halafu timu fulani inakosa kipa na wanaitwa. Wote niliowaona walirudi." Akageuza kichwa chote kunielekea. "Kipa asiyeona umewahi kumwona akirudi?"

"Kocha alikupa kazi! Alikupa benchi!"

"Benchi si goli."

Anna akasema kutoka nyuma, kwa Kiswahili, "Huyu mtu amejizika mwenyewe." Kipa hakuelewa, au alijifanya haelewi.

Hesabu yake ilikuwa na kosa. Safari hii aliyesemwa ameuza hakurudi. Jiji ni kubwa lakini mpira wetu ulikuwa kijiji, na kabla ya theluji kuyeyuka kila timu ilikuwa imesikia. Yule tajiri hakupokea simu zake, kwa sababu sasa naye alikuwa anaambiwa amenunua. Timu moja ya Hamilton iliyokuwa na shida ilimjaribu, ikamtoa wakati wa mapumziko. Kiwandani alianguka kwenye ngazi za kupakilia, wakampumzisha, na hakuitwa tena. Nilimpelekea Kocha maneno yangu mara mbili, nyumbani kwake, mara ya pili nikiwa na Anna. Alitusikiliza, akatupa chai. "Mimi nilimuuliza," akasema. "Mbele ya watu nilimuuliza." Hakuwa na kinyongo tena, alikuwa na huzuni tu, lakini hakwenda kumwona Kipa.

Sisi tulihama Weston, tukapata nyumba karibu na kazi yangu Downsview. Anna aliendelea kumpelekea chakula, akapanga miadi ya kliniki, Kipa akakubali yote na hakwenda. Alipoanza kutumia dawa kwa uaminifu, hakukuwa na kitu kikubwa cha kulinda. Dada yake alipiga simu kutoka Grenada akimsihi arudi. Alimwambia atarudi msimu ukiisha. Msimu gani, dada aliniuliza mimi.

Mara ya mwisho kukaa naye ilikuwa masika, karibu na mwisho wa miaka ya tisini. Alinipigia simu asubuhi, sauti ina nguvu.

"Namba Tatu, Jumamosi una gari?"

Alikuwa amesikia kwenye redio kwamba kuna timu mpya inafanya majaribio Downsview, uwanja uleule wetu wa zamani. Nilitaka kumkatalia na sikuweza. Nikajiambia labda mvua itanyesha.

Haikunyesha. Nilimkuta chini ya jengo, ameshuka ngazi zote mwenyewe, mkono wa kushoto umeshika ukuta. Suruali imepigwa pasi; mistari ilikuwa imepinda kidogo, mguu mmoja una mistari miwili. Nywele zilikuwa na mvi. Njiani aliongea sana kuhusu umbali wa kusimama na mstari, kama mtu anayekwenda kufanya mtihani.

Uwanjani kulikuwa na meza na kijana mwenye filimbi shingoni. Alimtazama Kipa akija juu ya majani, vidole vyake viko kwenye kiwiko changu, akaniuliza mimi kama mzee amekuja kumwangalia mwanawe.

"Nimekuja kudaka," Kipa akasema.

Kijana alikuwa na adabu. Alieleza kwamba wanachukua walio chini ya miaka ishirini na tatu tu, ni sheria ya ligi, angependa lakini haiwezekani. Kipa akaitikia kwa kichwa kila neno. "Sheria ni sheria," akasema. "Msimu ujao." Alionekana karibu kufurahi kwamba kilichomkataa ni umri.

Tukageuka. Tulipofika karibu na gari akasimama.

"Goli la kule mwisho lina mtu?"

"Halina."

"Una mpira?"

Nilikuwa nao kwenye buti, mpira wa binti yangu. Tukaenda. Alihesabu nafasi yake kwa kugusa nguzo moja na kutembea, akaruka kidogo kugusa mtambaa panya, akaukosa, akaruka tena. Akavaa glavu. Upepo ulikuwa mkali, na upande wa pili vijana walikuwa wanapiga kelele za majaribio yao.

Niliupiga wa kwanza taratibu, kifuani kwake kabisa. Aliukumbatia, akaurudisha kwa mkono.

"Mimi si mgonjwa," akasema. "Piga."

Wa pili nikaupeleka kulia kwake, si kwa nguvu sana. Akaruka. Niliona vidole vile viwili vilivyopinda vinaugusa, ukatoka nje, na akaanguka vizuri, ubavuni, kama zamani. Aliinuka anahema, anacheka. Nikaenda kuuokota, nikauweka chini. Sijui kwa nini nilifanya nilichofanya. Labda kwa heshima, labda nilichoka. Nikaupiga kama ninavyopiga, chini, kushoto kwake.

Hakutikisika. Mpira ukampita, ukagusa nyavu, ukasimama. Yeye alikuwa amekunja magoti kidogo, mikono wazi, anatazama mahali nilipo.

"Piga basi," akasema.

"Nimeshapiga."

"Umekwenda wapi?"

"Umeingia, Kipa."

Alitikisa kichwa, bila hasira, kama mtu anayemvumilia mtani.

"Hapana. Ungeingia ningeuona." Akagonganisha glavu, akakunja magoti tena. "Acha mzaha, Namba Tatu. Piga."

Mpira ulikuwa nyuma yake, ndani ya nyavu. Sikuwa na mwingine.